Yudith Elieza na Mfuko wa Kandambili

Baada ya miaka thelathini na mmoja ya utumishi, Mwanasheria wetu, Bi. Yudith Elieza, anastaafu rasmi tarehe 30 Juni mwaka huu. Wakala wa Malambo na Malisho, Kanda ya Kati, unabaki na wanasheria wawili wazuri, ila hakuna hata mmoja anayeweza kumtisha meneja.

Bi. Yudith alitoka Mpwapwa na sauti ya kwaya na gauni moja la ofisini. Kazi yake ilikuwa kututetea mahakamani, na tukishindwa, kuhakikisha tunatii. Hiyo ya pili ndiyo iliyomzeesha. Amri ya mahakama ikifika kwetu ilipokelewa kwa heshima zote, kisha tukaanza kusubiri maelekezo kutoka juu. Juu wapi, hakuna aliyewahi kusema.

Ndipo akabuni mfuko. Ndani mlikuwa na kandambili, mswaki, kipande cha sabuni na blanketi. Meneja akikawia kutii, Bi. Yudith alipiga hodi, akasalimia vizuri, akauweka mezani na kwenda zake. Meneja alielewa kwamba hivyo ni vifaa vya gerezani Isanga, kwa ajili ya mtu anayedharau mahakama. Kwa kawaida saini ilipatikana kabla ya chai ya saa nne.

Mara moja tu mfuko ulishindwa. Tulikuwa tumekamata ng'ombe saba wa Mzee Methusela, mfugaji wa Nzuguni, tukidai wamenywa kwenye lambo lililofungwa. Mahakama ikasema tumekosea, tuwarudishe. Hatukuwarudisha. Walikaa nyuma ya ofisi wakila maua tuliyopanda kwa ajili ya ziara ya Waziri. Kila asubuhi mzee alisimama kwenye uzio, akawaita mmoja mmoja kwa jina, akaondoka. Wajukuu wake walikuwa wakinywa chai ya rangi. Bi. Yudith alikuwa ameahidi mbele ya hakimu kwamba ng'ombe watarudi, na ilimuuma kupita mbele ya mzee yule.

Mahakama ikamwita meneja, au anayekaimu nafasi yake, akajieleze kwa nini asifungwe. Meneja wetu, Bwana Bartolomayo, ambaye leo yupo meza kuu na ameridhia nisimulie, alikumbuka ghafla semina ya Morogoro. Katika ofisi hii watu wamenuniana miaka kwa kugombea kukaimu, lakini wiki ile cheo kilikosa mwenyewe. Mhasibu akashikwa na tumbo. Afisa mipango akafiwa na shangazi yuleyule aliyefariki mwaka uliotangulia. Afisa utumishi, anayeandika barua za kukaimu, akajiandikia likizo. Barua ya kukaimu ikashuka ngazi hadi ikamfikia Bi. Yudith.

Aliipokea kwa mikono miwili, akaketi kwenye kiti cha meneja, akasaini ng'ombe watoke. Obedi, mlinzi wetu, akauliza habari za ndama, maana ng'ombe mmoja alizalia humuhumu na amri ilitaja saba tu. Bi. Yudith akamjibu kwamba mahakama haikutuagiza tumtenge mtoto na mamaye. Kisha akatia mfuko begani, akaenda mahakamani bila kujua kama hakimu atasema tumechelewa. Mimi nililia mezani kwangu, na sioni haya kusema. Jioni akarudi, blanketi likiwa bado limekunjwa.

Ndama yule sasa anakamuliwa, na maziwa ya chai ya sherehe hii ni zawadi ya Mzee Methusela.

Bwana Bartolomayo ameomba mfuko ubaki ofisini kwake. Jana tulipoufungua ili tuukabidhi, tukaona kandambili ni namba thelathini na saba. Hakuna meneja wetu hata mmoja ambaye mguu wake ungeingia humo. Zilikuwa za Bi. Yudith mwenyewe, miaka yote hiyo.

Mama, mfuko unabaki, na Bwana Bartolomayo ameahidi kununua kandambili za saizi yake. Hizi nenda nazo. Tunakushukuru, na tunakuombea uzivae miaka mingi nyumbani kwako Mpwapwa, ukitoka kuoga kwa raha zako.

Mwanne Mudrick
Katibu Muhtasi