Kabichi Nilizomuuzia Kasiani

Haya, umeme umerudi, na mimi narudi palepale uliponikatisha. Mheshimiwa Diwani, Baba Paroko, ndugu wageni waalikwa, nanyi wanakwaya mnaocheka huko nyuma: wakubwa shikamooni, wadogo marahaba. Nilikuwa nasema hivi: Nimeambiwa mimi Magdalena muuza mboga nimuage jirani yangu Kasiani kwa maneno mawili, lakini kwa filamu hii tuliyomaliza kuiona sasa hivi, mawili yatatosha wapi?

Kasiani mnamjua. Kaanza kwa kutengeneza spika dukani kwa Dharmesh pale mjini, akaja kupiga kinanda kanisani, leo ni mwaka wa kumi na nane anatunga muziki wa filamu na kutia sauti zake zote. Filimbi zetu za mbeta, nani mwingine kazipeleka kwenye sinema? Nani? Mpaka Dar wamemwita, Jumatatu anahama.

Ila jamani, hizo sauti! Mimi nilidhani watu wakipigana kwenye filamu, kamera inasikia yenyewe. Kumbe mtu anajifungia chumbani anazitengeneza! Alikuwa ananunua kwangu kabichi kumi, kumi na tano, kapera yule, mwenye sufuria moja. Nikamuuliza, "Baba, unafuga sungura?" Akacheka. "Za kazi, mama."

Basi siku moja napita dirishani kwake, nasikia pu! pu! pu! na mwanamke analia, "Nisamehe, mume wangu!" Je, nyie mngefikiria nini? Mimi sikufikiria, nilipanda bodaboda. Mpaka Mkuyuni, kwa mama yake Lucy, mchumba wa Kasiani wakati ule. Nikamwambia, "Mkweo ana mke ndani, na anamvunja mbavu." Jioni hiyohiyo posa ikarudishwa. Kasiani kaapa kwamba ni kazi tu, nani alimwamini? Mwaka wa pili huu, na Lucy yule pale kiti cha tatu, hajaolewa.

Sasa leo nimekaa mbele, natafuna karanga zangu, yule mama kwenye filamu akaanza kupigwa. Pu! pu! pu! "Nisamehe, mume wangu!" Sauti ileile! Karanga zikanipalia. Nikamgeukia Kasiani, "Huyu nani?"

"Mwigizaji, mama. Alikuja kwangu kurekodi."

"Na anayepigwa?"

"Kabichi zako."

Kabichi zangu! Nilizozishusha mlimani kwa kichwa changu mwenyewe!

Mheshimiwa, sifa za Kasiani ziko nyingi, mimi ninayo hii moja: nilimvunjia uchumba, na hakuacha hata wiki moja kununua mboga kwangu. Lucy mwanangu, yule mtu hakumgusa mwanamke yeyote, na mdomo uliosema ni...

"Mama Magdalena, shuka hapo!"

Eh! Lucy kasimama. Unasemaje, mwanangu?

"Twende Mkuyuni, ukamwambie mama hivyohivyo."

Hata pilau bado!

"Sasa hivi! Kasiani, washa gari!"

Haya, nakuja, usinivute kitenge! Nani anashika maiki? Asanteni, jamani, asanteni mlionisikiliza, naitwa!