Aliyepiga Honi Darajani

Mbele ya geti la yadi ya malori kuna ubao mrefu wa kukalia uliolazwa juu ya rimu mbili za magurudumu, na hapo ndipo Bi Birika anapouza kahawa. Asubuhi ile tulikuwa wachache: Spana, fundi wa injini, Redio, anayeziba pancha na kutangaza habari, Kilometa, dereva mkongwe kuliko wote, na mimi. Watafiti wa chuo walikuwa wamefunga kamera mbili katika kila lori, moja ikitazama barabara na nyingine ikimtazama dereva, wapate kujua ajali huzaliwa wapi na mafuta hupotelea wapi. Kilometa alikuwa amerudi alfajiri, na watafiti walikuwa wamemwonyesha picha zake. Lori lake lilikwisha kupakiwa tena, linamsubiri. Alikaa na ufunguo mkononi, kahawa ikipoa.

— Sema basi, mzee wangu, Redio alianza. Umeona nini?

— Nimejiona mwenyewe. Kituo cha mafuta nakumbuka kukipita. Halafu nakumbuka mlima.

— Na daraja lililo katikati?

— Sina habari nalo. Macho yangu yako wazi kwenye picha, wazi kama hayo yako. Lakini wanasema akili ilishalala.

— Wahenga walisema macho hayana pazia!

— Kumbe linalo, alisema Bi Birika. Liko kwa ndani.

Kilometa hakucheka.

— Darajani palikuwa na mtu wa baiskeli, kapakia magunia. Nimemkwepa. Polepole, kwa adabu. Kisha nikapiga honi.

Tukatazamana. Dereva wa yadi hii hapiti daraja lile bila honi moja fupi, salamu kwa mwenzetu aliyetumbukia pale na lori lake, akafa.

— Honi ile ile ya salamu? Spana aliuliza.

— Ile ile.

— Na mafuta je?

— Hapo ndipo niliposhangaa kabisa. Safari nzima, kipande hicho ndipo nilipotumia mafuta kidogo kuliko kwingine. Gia laini, mwendo laini.

— Basi uwe unalala daima! alisema Redio, akacheka peke yake.

Spana alijifuta grisi vidoleni.

— Ni lori, jamani. Chuma kikipita njia moja miaka nenda miaka rudi, kinaikariri. Injini ile naijua, ina akili kuliko shemeji yangu.

— Wapi! Redio alidakia. Ni kamera. Imekaa inamtazama, ikajifunza, ikamwambia mzee pumzika, nishike mimi.

Bi Birika aliliweka birika chini.

— Ninyi hamtaki kusema. Ni yule mwenzenu wa darajani. Kaona rafiki yake kazidiwa, kapanda, kashika usukani. Honi ile kajipigia mwenyewe.

Siamini mambo hayo, lakini sikuwa na jingine la kuweka mahali pake.

— Haba na haba hujaza kibaba, Redio alinong'ona.

— Kibaba gani tena, wewe?

— Sijui, Bi Birika. Nimeogopa tu.

Mkewe Kilometa alikuwa amefika, kabeba sweta na chakula cha safari. Alimwamkia Bi Birika, akasimama akisikiliza yote.

— Baba watoto, alisema. Na leo anaendesha nani?

Kilometa aliigeuza mikono yake, akaiangalia kama wageni waliomjia bila hodi.

Kisha akampa mkewe ufunguo.

— Mpelekee msimamizi. Mwambie nimelala.

Mke alimwachia sweta, akashika njia ya getini. Tulisimama sote, tukamwachia Kilometa ubao mzima. Alijinyoosha, akavuta sweta kifuani, na safari hii macho yakajifumba kweli. Bi Birika alikusanya vikombe kimoja kimoja, visigongane.