Bi Futi na Mita Kumi na Tano za Kisima cha Kati

Tarehe thelathini mwezi huu, saa tisa na nusu alasiri, Bi Futi atakabidhi funguo za chumba cha kumbukumbu na kutoka kwenye geti la ofisi yetu ya maji akiwa mtu huru. Atakuwa ametimiza miaka thelathini na mitatu na miezi minne ya utumishi, yote kwenye dawati lile lile ambalo mguu wake mmoja umeegemezwa kipande cha tofali. Mimi ni dereva wa ofisi. Nimeangukiwa na kazi ya kuandika wasifu huu kwa sababu karani aliyeandika rasimu ya kwanza aliimalizia kwa maneno "pumzika kwa amani", ikabidi akumbushwe kwamba mama huyu anastaafu, hajafa.

Aliajiriwa akiwa na miaka ishirini na sita, bila miwani, kama msaidizi wa mpimaji. Mpimaji mwenyewe alihama mwaka uliofuata, naye akabaki na futi kamba ya chuma, kopo la chaki na visima kumi na kimoja vya kupima kila Jumatatu ya kwanza ya mwezi. Jina la Bi Futi alipewa na watoto wa visimani, na limemkaa hadi kwenye orodha ya mahudhurio, ingawa maisha yake yote amepima kwa mita.

Kwa wale wa idara ya mapokezi ambao hawajawahi kutia mguu vumbini, kazi yenyewe ni hii. Ncha ya futi kamba inapakwa chaki, inateremshwa kisimani hadi iguse maji, kisha inavutwa juu. Chaki iliyolowa inageuka rangi, na hapo ndipo unaposoma. Ukitoa urefu uliolowa katika urefu ulioteremsha kutoka mdomo wa kisima, umepata kina cha maji. Kazi nyepesi kabisa, mpaka ujue ni watu wangapi wamesimama nyuma yako wakisubiri hiyo namba.

Ubahili wake wa maji ni habari nyingine. Wengi mnakumbuka bomba la uani lililokuwa likidondoka na kila mtu akilipita kama hakuliona. Bi Futi aliweka beseni chini yake asubuhi moja, akapima maji yaliyojaa hadi jioni, akaandika lita zake kwa wino mwekundu na kubandika karatasi kwenye mlango wa mkuu wa ofisi. Kesho yake akabandika nyingine. Siku ya nne fundi alikuja kabla hata ya chai. Nyumbani kwake, binti yake ananiambia, maji ya kuoshea mchele yana ratiba ndefu kuliko yangu: yanaosha vyombo, yanadeki sakafu, ndipo yanaruhusiwa kwenda kupumzika kwenye mche wa mpapai.

Chumba cha kumbukumbu alikikuta kimejaa mende na ramani zilizokunjwa vibaya. Alizipanga moja moja kwa miaka mitatu, na kutokana na ramani hizo sisi wengine tulijifunza tunaishi wapi. Ni yeye aliyetuonyesha kwamba mpaka wa wilaya, unaokwenda umenyooka safari nzima, unapinda ghafla kama kiwiko mahali pamoja tu, na mahali hapo pana kisima. Kila upande ulikuwa umemvuta mkono mpimaji aliyeuchora mpaka huo zamani. Ni yeye aliyetuonyesha kwamba mji wetu umehama mara mbili, na soko la kwanza lilikuwa pale ambapo leo pana mchanga mtupu, kwa kuwa maji yalikauka na watu wakayafuata na mizigo yao. Alikuwa akinisimulia hayo garini, tukitimua vumbi, na kusema kweli nilikuwa namsikiliza nusu nusu. Leo najuta ile nusu nyingine.

Faili aliyoipenda kuliko zote ni ya Makubaliano ya Kisima cha Kati. Wazee wa wakulima wa juu na wafugaji wa chini walipigana kwa ajili ya kisima hicho misimu mitatu ya kiangazi, wakazikana, wakachoka, ndipo wakakaa chini. Walikubaliana namba mbili. Maji yakishuka chini ya mita kumi na mbili kutoka mdomo wa kisima, wakulima wanazima pampu. Yakishuka chini ya mita kumi na tano, wafugaji wanaondoa wanyama na kuwapeleka Kisima cha Mbali, mwendo wa siku mbili, ili yaliyobaki yawe ya kunywa kwa watu wote. Wanyama wakishaondoka, wakulima wanaruhusiwa pampu moja ya kuokoa miche. Wazee hao wote wametangulia mbele ya haki, lakini namba zao mbili zinatutawala hadi leo kuliko kiongozi yeyote tuliyemchagua.

Na viongozi wanalijua hilo. Kila uchaguzi ukikaribia, kisimani panakuwa na wapiga picha kuliko ndoo. Mgombea mmoja alikuja ofisini na tabasamu lake lote, akaomba kipimo cha mwezi huo kisubiri kura zipite, kwa sababu namba mbaya ingewaudhi watu wake. Bi Futi alimjibu kwa heshima zote kwamba Jumatatu ya kwanza haina mgombea, akamkaribisha aje ashike kopo la chaki. Hakuja. Mwingine alichimba kisima kipya upande wa wafuasi wake, mahali ambapo Bi Futi alimwambia mapema kwamba chini ni mwamba. Kilitoa maji miezi minne, kikatoa hotuba nyingi, sasa kuku wanatagia humo.

Nimefika mahali ambapo wasifu wa kawaida huruka. Mwenyewe ameniambia nisiruke, na kwamba nikiruka hatakuja kwenye sherehe.

Miaka kumi na minne iliyopita, wajenzi walikarabati Kisima cha Kati na kukiongezea pete ya zege mdomoni ili watoto wasitumbukie. Pete ilikuwa na kimo cha sentimita sitini. Jumatatu iliyofuata Bi Futi alipima kama kawaida, kutoka mdomo wa kisima, na mdomo ulikuwa umepanda. Alipata mita kumi na tano na sentimita thelathini. Akaitangaza. Kwa kipimo cha zamani, maji yalikuwa mita kumi na nne na sabini, na hakuna aliyepaswa kuhama.

Wafugaji walihama. Njiani walipoteza ngamia saba wachanga. Kisima cha Mbali walikikuta kimezungukwa na watu wengine wenye kiu yao, mawe yakarushwa, na mchunga ngamia mmoja, baba wa watoto watano, akapoteza jicho la kushoto. Huku nyuma pampu ya miche iliwashwa. Mwenyekiti wa wakulima wakati huo alikuwa kaka yake Bi Futi, tumbo moja.

Kosa aliligundua mwenyewe mwezi uliofuata. Alikuwa na tabia ya kupima pia kina cha kisima chote hadi chini kabisa, jambo ambalo hakuna aliyemwagiza, na safari hiyo akakuta hata sakafu ya kisima imeshuka kwa sentimita sitini zile zile. Wajenzi wa mdomo hawachimbi sakafu. Nilimkuta chumba cha kumbukumbu amekaa chini, miguu ameinyoosha, daftari mapajani. Nilidhani ameugua.

Mkuu wa ofisi wa wakati ule, aliyekwisha kustaafu, alimshauri kwa nia njema arekebishe namba ya mwezi ule kimyakimya. Hakuna ambaye angejua. Akifungua mdomo, wafugaji watasema alimpendelea kaka yake, na huenda damu ikamwagika. Bi Futi alimsikiliza hadi mwisho, akamshukuru, akaomba gari.

Mimi ndiye niliyekuwa usukani, na sioni haya kusema kwamba nilimwomba tugeuze mara mbili. Alinijibu kitu kimoja tu: "Endesha, mdogo wangu." Nilipofika niliegesha gari likitazama njia ya kurudi na sikuzima injini. Pande zote mbili zilikuwa zimeitwa. Alisimama juu ya ile pete ya zege ili aonekane, akaeleza sentimita sitini zilikotoka, akasema kosa ni lake, si la futi kamba, si la wajenzi, si la ofisi. Akaagiza wanyama warudi na pampu ya miche izimwe saa ile ile. Mchunga ngamia alikuwa amekaa mbele, bandeji jichoni. Alisikiliza neno kwa neno. Kisha akaokota fimbo yake, akaondoka.

Hapakurushwa jiwe. Nimejiuliza miaka yote kwa nini, na jibu langu la kidereva ni kwamba watu walikuwa wamejiandaa kubishana na uongo, wakaishiwa nguvu walipoambiwa ukweli.

Yaliyofuata hayakuwa matamu. Ofisi ilimpa barua ya onyo na kumwondoa kwenye upimaji. Miche ya vitunguu ya kaka yake ilikauka, na kaka huyo alimnunia misimu miwili mizima, salamu zikipitia kwa watoto. Akaletwa mpimaji wa muda, kijana mzuri mwenye viatu vizuri, na miezi mitatu baadaye waliokuja kumdai Bi Futi walikuwa wafugaji wenyewe. Mzee wao alisema mbele ya dawati la mapokezi: "Huyu kijana hatumjui akikosea atafanyaje. Yule mama tunajua."

Alirudi na masharti yake. Alichora mstari mwekundu pale mdomo wa zamani ulipokuwa, na kila kipimo kinaanzia hapo. Na tangu siku hiyo hatangazi namba mpaka shahidi mmoja kutoka kila upande ainame, asome chaki kwa macho yake na kuisema kwa sauti. Yeye huandika yake kwanza kwa penseli na kunyamaza. Utaratibu huu sasa unatumika katika visima vyote kumi na kimoja, na wageni kutoka ofisi nyingine huja kuutazama na kudhani ulitoka kwenye kitabu. Kiangazi kirefu cha miaka sita iliyopita, maji yaliposhuka kweli chini ya mita kumi na tano, wafugaji walihama bila ubishi, na wakulima wakawapelekea pipa la maji nusu ya njia.

Lakini mchunga ngamia hakurudi kisimani siku ya kipimo. Wafugaji walimtuma mpwa wake. Kila Jumatatu ya kwanza, kabla hajafungua kopo la chaki, Bi Futi alimuuliza mpwa huyo, "Mjomba hajambo?" na kila mara alijibiwa, "Hajambo, hakuja." Fanyeni wenyewe hesabu ya Jumatatu katika miaka kumi na minne. Mara mbili nilimpeleka hadi nyumbani kwa mchunga ngamia. Mke wake alitukaribisha vizuri, akatupa maziwa, na mwenye nyumba akabaki malishoni mpaka tulipoondoka. Kwenye gari la kurudi Bi Futi hakunisimulia historia yoyote.

Jumatatu ya kwanza ya mwezi huu alipima kwa mara ya mwisho. Shahidi wa wakulima alikuwa kaka yake, ambaye siku hizi hamnunii tena ila humsifia kwa watu mpaka anachosha. Upande wa pili alisimama mchunga ngamia mwenyewe, ndevu zimekuwa nyeupe, fimbo mkononi. Bi Futi alisahau kuuliza kama hajambo. Alishusha futi kamba, akaivuta, akaandika kwa penseli.

Kaka mtu aliinama, akatupa jicho haraka haraka, akataja mita kumi na tatu na sentimita ishirini na mbili. Ndiyo iliyokuwa imeandikwa daftarini. Mchunga ngamia alipiga goti. Alitazama chaki kwa jicho lake moja muda mrefu hadi watu wakaanza kukohoa. Kisha akasema ishirini na tatu.

Bi Futi alivua miwani, akaifuta kwa upande wa kanga, akaivaa, akapiga goti karibu naye. Akatazama. Akafuta ya penseli na kuandika kwa wino: ishirini na tatu. Akasema, na sauti yake ilisikika mpaka kwenye gari, kwamba jicho moja limeyashinda macho manne. Aliyeanza kucheka ni mchunga ngamia, ndipo na sisi tukathubutu.

Bi Futi, ofisi nzima inakushukuru: kwa bomba la uani, kwa ramani zilizonyooshwa, kwa wale wote ambao hawakuumia na kwa hiyo hawatajua kamwe kwamba walitakiwa wakushukuru. Mimi nakushukuru kwa kutogeuza gari. Tunakuombea afya, usingizi wa kutosha, wajukuu watakaokuchosha kwa furaha, na maji yasiyokosekana mtungini. Maneno mengine ya kukuaga tuliyatafuta sana, tukayakosa, kwa kuwa yalikwisha kusemwa pale kisimani na mtu mwenye haki ya kuyasema kuliko sisi. Mchunga ngamia alikushika mkono kukuinua kutoka pale ulipopiga goti, hakuuachia mara moja, akakuambia: "Nenda ukapumzike, dada. Mwezi ujao nitapima mimi."