Kaseti ambazo kaka Prospère hakuzichoma

Wapendwa katika Bwana, mimi ni David, mdogo wake marehemu, familia imenituma niwasomee maisha yake, naomba mnivumilie nikisoma polepole.

Kaka yetu Prospère Kisimba alizaliwa Moba tarehe 3 Mei 1973, mtoto wa kwanza wa Papa Fidèle na Mama Adolphine, akasoma shule ya msingi hukohuko, akamaliza sekondari hapa Kalemie mwaka 1993, akawa fundi umeme katika kiwanda cha simenti, Kabimba.

Mwaka 1997, yeye na Papa Samy, ambaye yuko nasi hapa, walianzisha bendi ya Vijana wa Lukuga, na kwa kuwa hawakuwa na studio wala msimamizi, walijirekodi wenyewe nyumbani kwa redio ya kaseti, magodoro yakiziba madirisha, na mdogo wetu Bijou ndiye aliyeimba. Vita vikafika kabla nyimbo hizo hazijatoka, tukakimbilia Kigoma, na huko, tarehe 20 Januari 1999, kipindupindu kikamchukua Bijou, hatukubaki hata na picha yake.

Kaka alifunga ndoa na Mama Louise tarehe 14 Julai 2001, wakajaliwa Jovial, Syntiche na Ketsia. Mwaka 2011 aliokoka, na kama ilivyo desturi ya kanisa letu, alileta vitu vya dunia vichomwe mbele ya waumini, tukaona gitaa lake likiungua, tukaamini kwamba na kaseti zimeungua. Lakini ugonjwa wa figo ulipomzidi, mwezi wa kwanza mwaka huu, alimwomba mke wake azitoe chini ya sanduku la nguo, akawa anazisikiliza kitandani, mpaka alipolala tarehe 9 Machi 2025.

Tangu hapo kilio hiki hakina utulivu. Wazee wa kanisa wanataka zichomwe kabla hatujamzika, ili asiende na ahadi nusu, Papa Samy anaomba apewe azitoe, watu wazisikie. Jana Mama Adolphine alizifunga kiunoni ndani ya kitenge chake, ndivyo mnavyomwona ameketi, akasema yeye hakuahidi kuchoma chochote, na hatazitoa kwa mtu kabla hajamsikia mtoto wake Bijou akiimba.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani waliolala nasi nje, wafanyakazi wenzake wa Kabimba, na wazee wa kanisa pia, tukiwaomba leo wasimwulize Mama kitu.

Kaka Prospère, kaseti ziko kwa Mama, pumzika kwa amani.