Gumba la Kaka Yangu Dirishani

Ndugu, jamaa na majirani, sogeeni karibu. Kaka yangu hakupenda mtu akae nyuma asione.

Mpendwa wetu, mliyezoea kumwita Jicho, alizaliwa tarehe 14 Machi 1951, mtoto wa pili wa fundi saa. Alisoma hadi darasa la saba, akaacha shule baba alipofariki.

Mwaka 1969 aliajiriwa kuendesha mashine ya sinema katika ukumbi wa mtaani kwetu, akakaa kwenye kile chumba cha joto miaka thelathini na minane. Ile sinema ya kutisha, ya nyumba yenye ngazi, aliionyesha zaidi ya mara mia nne. Watu walipofumba macho kwa hofu, yeye aliyakodoa. Ndiye aliyegundua kwamba picha ya bibi kwenye ukuta wa nyumba ile hushusha mkono kila mtu anapokaribia kufa. Yote aliyaandika katika daftari jekundu.

Mwaka 1978 alimwoa mkata tiketi. Siku ya kwanza ya uchumba wao alimkalisha kando ya mashine, akamwambia, "Usiangalie mzimu, angalia ukuta."

Wifi yangu akamjibu, "Wewe mwanamume, nimekuja kutongozwa au kukagua nyumba?"

Sasa niseme, maana nimenyamaza vya kutosha. Mwaka 2009 mchambuzi wa sinema, yule wa redioni, aliazima daftari. "Siku mbili tu, mzee wangu." Hakulirudisha. Akatoa kitabu juu ya sinema ile, na jina la kaka halimo hata kwa bahati mbaya. Nasikia leo anakuja na shada. Aketi, asikie.

Daftari lile lilichanganya siri za sinema na kasoro za mkanda wetu. "Gumba dirishani" ilikuwa kasoro: mwaka 1983 kaka aliunga mkanda uliokatika, akaugusa kwa kidole gumba chenye gundi, alama ikabaki juu ya dirisha la nyumba ile. Hakuna nakala nyingine duniani yenye gumba hilo. Mwizi hakujua. Kaandika kurasa nane juu ya kidole cha mzimu!

Januari mwaka huu kaka aliugua mapafu. Nilimsomea kurasa hizo kitandani, akacheka hadi muuguzi akatufokea. "Mwache, mdogo wangu," akasema. "Ila daftari langu nalitaka." Alifariki Jumanne, tarehe 9 Juni, bila kuliona.

Ameacha mjane, mabinti wawili, wajukuu watano, na mimi, dada yake.

Mchambuzi, shada weka popote. Daftari lina nafasi yake: chini ya mkono wa kulia, penye lile gumba. Tutangoja kabla ya kufunga jeneza.

Kaka, pumzika kwa amani. Yeye asipumzike.