Marehemu Calogera Spataro na Kasata ya Jumamosi Kuu

Asiyeamini haya yanayosomwa na Rosolino, mjukuu wa marehemu, aliyeacha shule akiwa na miaka kumi na minne na bado anaoka kuliko nyote mliokaa humu, abishe sasa hivi, maana jeneza likishainuliwa hakuna kubishana tena.

Marehemu Calogera Spataro alizaliwa tarehe 4 Machi 1941 hapa Bisacquino, mtoto wa tatu wa mchunga kondoo, akasoma kwa masista mpaka darasa la tano, na huko jikoni kwao, si darasani, ndiko alikojifunza kasata, keki ya sponji iliyojazwa rikota, jibini laini ya maziwa ya kondoo, na kuvikwa kinyunga cha lozi cha kijani, ambayo bila hiyo Pasaka ya mji huu ni Jumapili tu. Tarehe 15 Oktoba 1964 alifunga ndoa na fundi mwashi Baldassare, wakajaliwa watoto wawili, Nunzio, baba yake Rosolino, na Provvidenza, na tarehe 12 Septemba 1968 akafungua duka la keki mtaa wa chini, likitazamana na la Mzee Gaspare Lo Bue, aliyegombana naye miaka hamsini kwa sababu ya mdalasini, kwani Mzee Gaspare huutia katika rikota, na marehemu alikuwa akisimama mlangoni na kupaza sauti, "Gaspare, huo ni wa kuficha rikota iliyochacha!" naye akijibu, "Na ulimi wako, Calogera, tuufiche na nini?"

Moyo ulianza kumsumbua Novemba 2018, mikono ikawa inatetemeka, na Alhamisi Kuu, tarehe 18 Aprili 2019, aliwaita Provvidenza na Rosolino kitandani, akaweka ufunguo wa duka juu ya shuka, akasema kila mmoja aoke kasata peke yake, na itakayopinduliwa kutoka kwenye bati Jumamosi ikasimama bila kutoa tone la maji, mwenye hiyo ndiye mwenye duka. Provvidenza, aliyetumikia duka lile miaka thelathini, aliuliza, "Mama, leo ndiyo unanipima?" Rosolino akacheka, "Shangazi, usihofu, nitakuajiri ufagie."

Jumamosi ile kasata ya Provvidenza ilisimama, watu wakashusha pumzi, kisha ubavuni ukaonekana ufa mwembamba kama unywele, na katika ufa huo tone moja. Ya Rosolino ilisimama kavu kama ukuta. Marehemu alionja, akafumba macho, akatafuna muda mrefu mno, akamvuta Rosolino sikio, akampa ufunguo, akaamuru keki iliyobaki yote ipelekwe kwa masista, na Provvidenza akavua aproni, akaikunja mara nne, akatoka. Tarehe 27 Aprili, saa nne asubuhi, marehemu alifariki.

Familia inamshukuru daktari aliyepanda ngazi zetu kila siku, majirani waliotulisha siku hizi ambazo jiko letu halikuwashwa, waokaji wenzake waliofunga maduka leo, na Mzee Gaspare, yule pale kwenye nguzo ya pili, kwa kasata.

Ndiyo, kwa kasata, na karatasi imeishia hapo, yanayofuata nayasema mimi. Rikota hulazwa katika kitambaa usiku kucha ijichuje, kila mtoto wa mji huu anajua, lakini mimi ninayejua kuliko wote niliitazama tu, nikasema imekauka, nikaijaza, na Jumamosi asubuhi nilipoinua bati ilikaa sahanini kama mtu aliyezimia, ikitiririka. Nikavuka mtaa. Mzee Gaspare alinifungia kasata yake moja. Na bibi aliponivuta sikio, mkadhani ananibusu, aliniambia, "Ina mdalasini, Rosolino. Chukua ufunguo, utaurudisha mwenyewe, mbele za watu."

Shangazi Provvidenza, huu hapa, umenichoma mfukoni siku zote hizi, njoo uuchukue kabla hatujambeba, na kama unatafuta wa kufagia, nipo.

Bibi, mikono yako imepumzika. Lala, nimeshaurudisha.