Mama Gumba na Soli za Chini ya Kitanda

Ndugu, majirani, na nyinyi wa kiwandani mliokuja na raba miguuni kama marehemu alivyoagiza, nimepewa kazi ya kusoma wasifu wa dada yangu, na nimeombwa niwe mfupi. Aliyeniomba ni shemeji, mume wa marehemu. Ananijua miaka mingi, kwa hiyo naamini aliomba tu kutimiza wajibu.

Marehemu alizaliwa tarehe 9 Agosti 1957, mtoto wa pili na binti wa kwanza, katika nyumba ya vyumba viwili iliyopakana ukuta na karakana ya baiskeli. Karakana ilikuwa ya baba yetu. Mama yetu alishona mapazia mezani pale pale tulipolia chakula, ndiyo maana sote tulikua tukitoa nyuzi kwenye uji. Mama alipenda kusimulia kwamba dada alizaliwa na kidole gumba mdomoni. Mkunga akakitoa, kikarudi. Akakitoa tena, kikarudi tena, mpaka mkunga akamwachia. Kidole hicho mtakisikia sana leo, mkivumilie.

Alianza shule ya msingi mwaka 1964, kwenye shule ya ng'ambo ya reli, na viatu alivyokwenda navyo vilikuwa vya kaka yetu. Kaka alikuwa na mguu wa kiume, mpana nyuma na mbele. Mama alijaza magazeti kwenye ncha, lakini kisigino cha dada kilikuwa chembamba, kikawa kinapanda na kushuka ndani ya kiatu na kuchubuka kila siku. Siku ya michezo alikimbia mita mia mbili, na kiatu cha kulia kikaamua kwenda njia yake. Alimaliza wa nne akiwa na kiatu kimoja. Kaka, ambaye yuko hapa mbele na ameanza kucheka, alidai mpaka uzeeni kwamba kile kiatu chake kilimaliza wa tatu.

Sekondari alimaliza mwaka 1975. Alifaulu vizuri, ingawa nusura afukuzwe kwenye somo la ushonaji kwa sababu alimwambia mwalimu mbele ya darasa, "Mwalimu, samahani, pindo la sketi yako limekwenda upande." Mwalimu akamwadhibu kwa kumpa sketi ile aishone upya nyumbani. Akaishona. Mwalimu aliivaa mpaka alipostaafu, na kila walipokutana sokoni alimgeuzia pindo alione.

Mwezi Februari 1978 aliajiriwa kiwanda cha viatu, akiwa mshonaji, na mwaka 1984 akahamishiwa ukaguzi wa ubora. Wakati huo kiwanda kilikuwa kimepata oda yake ya kwanza ya raba za kukimbilia za wanawake, zile zenye soli nene ya sponji. Na hapa kiwanda kizima kilifanya kosa ambalo watu wa viatu tu ndio wangelifanya. Walichukua kalibu za wanaume, yaani yale maumbo ya mguu ambayo kiatu hujengwa juu yake, wakazipunguza ukubwa, wakatengeneza raba, wakazipaka rangi ya waridi. Basi, wakasema, hizo ndizo za kike.

Dada alikuwa na mguu wa namba ileile iliyotumika kwa sampuli. Wageni walioagiza raba hizo walipofika, aliombwa avae azunguke uani akikimbia ili waone. Alipokata kona mbele ya meza ya wageni, kisigino kilichomoka na kiatu kikaruka, kikatua kwenye sahani ya biskuti. Dada akaenda kukichukua, akakung'uta makombo, akasema, "Nilikuwa wa nne na kiatu kama hiki. Naomba tukirekebishe." Meneja alicheka mpaka akakaa chini, na kesho yake akampa fundi wa kalibu, mzee mmoja mtaratibu sana, wakae pamoja waanze upya. Wakapima miguu ya wanawake wote wa kiwandani, wapishi na wafagizi wakiwemo. Wakapunguza nyuma, wakapanua mbele. Mnaovaa raba leo na kisigino kimetulia, mnajua pa kushukuru.

Tangu hapo ndipo akawa Mama Gumba. Kiwanda kilikuwa na mashine ya kubonyeza soli, na aliiheshimu, aliisubiri imalize kazi yake na kusoma majibu. Lakini baada ya mashine, alibonyeza mwenyewe kwa kidole gumba, hasa kwa ndani, pale mguu wa mwanamke unapoelemea akichoka. Akiachia, aliangalia sponji linavyorudi. Likirudi lote, soli ilipata tiki ya chaki. Likibaki limelala hata kidogo, ilipata eksi. Gundi aliivuta, mshono aliuhesabu, kitambaa cha juu alikipitishia shavu kuona kama kinakwaruza. Na kwa wauzaji wa malighafi alikuwa na mwiko mmoja: hakupokea sampuli aliyochaguliwa. Alipanda kwenye lori mwenyewe, na sketi yake, akachomoa kipande kutoka katikati ya mzigo.

Huko juu ya lori ndiko alikompata mume. Shemeji alikuwa kijana muuza sponji, amevaa shati jeupe, akijiamini. Alirudishwa getini na mzigo wake. Akaleta mwingine, ukarudishwa. Wa tatu uliporudishwa akauliza, "Dada, niambie ukweli. Shida ni sponji au ni mimi?"

Dada akamjibu kutoka juu ya lori, "Sponji ndilo nimelikagua. Wewe bado."

Mzigo wa nne ulipata tiki. Yeye ilimchukua muda zaidi. Walifunga ndoa Jumamosi tarehe 12 Septemba 1987, na wiki ya uchumba wao shemeji alipoteza mteja wake mkubwa, maana dada alimwambia waziwazi, "Siwezi kumkagua mtu ninayempikia." Kwa hiyo aliacha kuuza kiwandani, akafungua karakana ya magodoro. Akiulizwa kama alijuta, hujibu kwamba chakula kilikuwa kizuri.

Nyumbani kwao ukaguzi haukwisha. Mashine ya kiwandani ilibonyeza haraka haraka, na dada alitaka kujua soli inafanyaje ikielemewa taratibu, kwa miezi. Akaweka vipande vya soli chini ya miguu ya kitanda chao, mguu huu muuzaji huyu, mguu ule muuzaji yule. Shemeji mnamwona alivyo. Amejaliwa mwili. "Mashine haina uzito kama wako, mume wangu," dada alimwambia, naye akaichukua kuwa sifa. Mmoja wa wauzaji akiwa na sponji bovu, kitanda kiliinama. Mama mkwe wake alipokuja kuwatembelea walimpa kitanda hicho, na alipoamka alitangaza kwamba mwanawe amejenga nyumba mteremkoni.

Walijaliwa watoto watatu: kijana wa kwanza ambaye ni mwalimu, binti wa pili ambaye ni muuguzi, na kitinda mimba, naye binti. Huyu wa mwisho ndiye aliyerithi karakana ya baba yake, na ndiye aliyempa mama yake kazi baada ya kustaafu mwaka 2017. Maana binti huyu alichoka na magodoro, akataka kutengeneza soli za raba za kike na kuziuza kwa kiwanda kilekile. Wakaguzi wa sasa wa kiwanda wamefundishwa na dada, wangempokea. Lakini binti alijiapiza kwamba hapeleki hata kipande kimoja getini kabla mama yake hajakitia tiki. Alikopa, akanunua mashine ya kuoka sponji, akaajiri akina mama sita wa mtaani, na wote wakawa wanasubiri kidole kimoja.

Kipande cha kwanza kilikaa chini ya kitanda miezi mitatu. Kikapata eksi. Binti alilia jikoni kwangu mpaka chai ikapoa. Nikaenda kwa dada nikiwa nimepandisha hasira, nikamwambia, "Huyo si mtoto wako?"

Akasema, "Mtoto ni wangu. Sponji linakwenda miguuni kwa watoto wa watu." Halafu akaniuliza kama nimekula.

Kipande cha pili nacho kikapata eksi.

Mwezi Machi mwaka jana moyo wa dada ulianza kuchoka. Miguu ikavimba, ule mguu uliokuwa kipimo cha kiwanda kizima ukakosa kiatu. Shemeji alichukua kisu, akapasua raba zake pembeni ili ziingie. Dada akazitazama akasema, "Asante, mpenzi. Ila ungefuata mshono." Alilazwa mara mbili. Madaktari na wauguzi walimtunza kwa upendo na tunawashukuru, pia kwa uvumilivu, kwa sababu aliwaambia wauguzi wote wodini viatu vyao vina kasoro gani. Mwezi Aprili mwaka huu aliomba arudishwe nyumbani. Alisema kuna kazi kitandani hajaimaliza. Kilikuwa kipande cha tatu cha binti yake, chini ya mguu wa kitanda, upande anaolala yeye.

Jumapili iliyopita, mchana, tulikuwa chumbani shemeji, mimi na binti. Dada akasema, "Kitoeni." Shemeji akainua pembe ya kitanda na mgonjwa akiwa juu yake, dada akisema, "Usinimwage," nami nikavuta kile kipande nikampa. Akaweka kidole gumba, akabonyeza. Sponji halikushtuka hata kidogo. Kidole hakikuwa tena na nguvu. Akajaribu mara nyingine, akakiangalia kidole chake kama mtu aliyeazimwa kitu kibovu.

Akampa binti. "Bonyeza wewe. Niambie."

Binti akabonyeza. Akaachia, akainamisha kichwa aangalie kwa karibu. Sote mle ndani tulijua anachotakiwa kusema. Angesema kimepita, nani angembishia? Mama yake angefurahi, akina mama sita wangeanza kazi Jumatatu, na mimi ningekwenda kupika. Shemeji akakohoa kile kikohozi chake cha kutaka mambo yaishe.

Binti akasema, "Mama, huku ndani kimelala. Hakirudi chote."

"Una hakika?"

"Nina hakika."

"Chaki iko kwenye droo, chini ya dawa."

Binti akatoa chaki, akapiga eksi kwenye kazi ya mikono yake mwenyewe, machozi yanamdondoka juu ya soli. Nilipomgeukia dada nimkaripie, nikamkuta anacheka. Kicheko kidogo, cha pumzi chache, lakini ni kile chake. Akafunga vidole vya binti juu ya ile chaki. Akasema, "Ikae kwako. Sponji utalipata tu. Wewe umepita."

Aliaga dunia Jumanne tarehe 10 Juni 2025, asubuhi, nyumbani kwake, mume wake akiwa amemshika mkono. Iliniuma sana na inaniuma sasa hivi ninaposoma. Alikuwa dada yangu, na hakuna mtu mwingine atakayenigeuza mlangoni akague pindo langu kabla sijatoka.

Marehemu ameacha kaka mmoja, mimi mdogo wake, watoto watatu, mkwe mmoja wa kike na mmoja wa kiume, wajukuu watano ambao wote visigino vyao vimetulia, na kiwanda kizima cha wanafunzi. Ameacha pia mume, ambaye nimemweka mwisho kwa makusudi.

Tangu Jumanne shemeji hakutaka kuingia chumbani. Alilala sebuleni kwenye kiti, miguu juu ya stuli, akatuambia anapenda hewa ya pale. Tulimbembeleza sote, hakusikia. Juzi jioni binti akaja kutoka karakana na kipande cha nne, bado kina joto. Akakiweka chini ya mguu wa kitanda, upande wa mama yake, akaja akasimama mbele ya kiti cha baba yake na chaki mkononi.

"Baba, kitanda hakina mtu. Bila uzito sitajua kama kimepita."

Shemeji akashusha miguu kutoka kwenye stuli. Akasema, "Upande upi?"

"Upande wa mama."

Alinyanyuka, akaenda. Jana na juzi amelala pale, na asubuhi ya leo amesema amelala vizuri.

Pumzika kwa amani, dada. Kitanda tunakiangalia.